Hosiana na Mkate wa Kumega

— Rudi nayo, Elisha. Mimi sijaagiza kitu.

Elisha Mhina alikuwa amesimama mlangoni, amekumbatia boksi kubwa kifuani, jasho linamtiririka mpaka kwenye kola. Alikuwa ametoka Handeni na basi la asubuhi, boksi mapajani njia nzima, mpaka hapa Manundu, Korogwe mjini, nyumbani anapoishi Hosiana na shangazi yake.

— Hata hujaliangalia.

— Niliona picha uliyonitumia. Mashine ya kukanda unga.

— Inakanda na kuoka. Nimeipata Tanga, kwenye duka la mitumba. Nzima kabisa, niliijaribu kwenye umeme kabla sijaichukua.

— Kwa hiyo mkono wangu umeletewa mbadala.

Zamani neno kama hilo Elisha angelijibu hapohapo, wangebishana mpaka wacheke. Siku hizi alikuwa anainamisha kichwa tu, na hakuna kitu kilichomuudhi Hosiana kama kile kichwa kilichoinama.

— Samahani. Sikuwa na maana hiyo.

— Najua. Wewe siku hizi huna maana mbaya hata moja. Nenda, Elisha. Sisi tulishamaliza.

Shangazi Emiliana, aliyekuwa sebuleni anachambua mchele, akaweka ungo chini na kutoka.

— Mmemaliza nyie. Mimi sijamaliza. Baba, ingiza boksi ndani, unywe maji, ndiyo uondoke. Mtu hatoki Handeni kuja kusimama kizingitini.

Boksi likaingia, likawekwa chini ya meza. Elisha akanywa maji, akashukuru, akaondoka. Hosiana hakumsindikiza hata mpaka kwenye ua.

Hosiana ni mtoto wa Vugiri, kule juu milimani. Alishuka Korogwe kuishi na shangazi yake, na haikupita muda mtaa mzima ukamjua kwa mikate na skonzi zake. Elisha ni fundi seremala wa Handeni. Walikutana alipokuja kuweka milango kwenye nyumba ya jirani. Alionjeshwa skonzi, akamaliza kazi, akaondoka, na wiki iliyofuata akarudi akisema ile milango ina kasoro anataka kuirekebisha. Milango haikuwa na kasoro yoyote. Jirani mwenyewe alisema hivyo.

Wakapendana. Barua ya posa ikapanda Vugiri, ikapokelewa vizuri. Kisha siku moja ya mvua wakawa wanashuka kutoka kwa wazazi, Elisha ndiye anaendesha pikipiki. Kwenye kona moja yenye tope gurudumu likateleza. Elisha alitoka na michubuko. Hosiana mkono wake wa kulia ulibaki chini ya pikipiki.

Mfupa ulipona. Vidole ndivyo vilivyokataa. Kikombe anashika kwa shida, kisu hashiki, na kukanda unga ndiyo basi tena.

Elisha hakukosa hata siku moja hospitalini. Alimlisha, alimfulia, alimkubalia kila kitu. Na Hosiana alipoanza kutoka kitandani, akapigiwa simu na Grace, dada yake Elisha.

— Wifi, nakwambia hili kwa sababu nakupenda. Kaka hawezi kukuacha. Yeye ndiye aliyekuangusha, kwa hiyo atakuoa hata kama moyo haupo. Utakuwa umeolewa na mtu anayetumikia kifungo.

— Amekwambia hivyo?

— Hawezi kusema. Mwangalie tu utaona.

Hosiana akamwangalia. Akaona kichwa kilichoinama, akaona "sawa" na "kama unavyotaka wewe" za kila siku. Akatuma ujumbe: "Elisha, nimefikiria sana. Tusioane. Naomba usiniulize kwa nini." Elisha aliuliza, tena sana. Hakujibiwa. Na simu ya Grace, Hosiana hakumsimulia mtu.

Boksi lilikaa chini ya meza mpaka siku shangazi alipokwenda mazoezi ya kwaya. Nyumba ilikuwa kimya. Hosiana akalivuta kwa mguu, akalifungua kwa mkono wa kushoto.

Ndani kulikuwa na mashine nyeupe, ina mfuniko wenye kioo, na katikati ndoo ndogo ya chuma yenye pangaboi dogo la kukandia ndani, chini kabisa. Maandishi ya kwenye vitufe yalikuwa ya lugha asiyoijua, labda Kijerumani. Akatia maziwa ya vuguvugu, yai, siagi, unga wa ngano, sukari, hamira, chumvi, na iliki ya kutoka kwao Vugiri. Akabonyeza kitufe cha kwanza alichokiona.

Pangaboi likaanza kuzunguka. Hosiana akavuta kiti akakaa kuangalia kupitia kwenye kile kioo. Unga ulikuwa vipande vipande, kisha ukajikusanya, ukawa donge linalojigonga huku na huku. Kila lilipojigeuza, bega lake la kulia lilikuwa linacheza lenyewe, kama linataka kusukuma. Macho yakamjaa. Akayaacha yamwagike, kwa kuwa hakukuwa na mtu wa kumwona.

Alitaka donge peke yake, alitoe aviringe skonzi. Lakini mashine haikusimama. Ilikanda, ikapumzika, ikakanda tena, kisha ikaanza kutoa joto. Ilipolia kwamba imemaliza, kilichotoka kilikuwa kifupi, kigumu, na chini kina tundu la pangaboi.

Akachukua simu. Akaandika, akafuta, akaandika tena.

"Mashine yako imenipikia tofali."

Jibu likaja hata hajaiweka simu chini.

"La kuchoma au la saruji?"

Hosiana akacheka peke yake jikoni. Kabla hajamaliza kucheka, ujumbe mwingine ukaingia.

"Samahani. Sikupaswa kutania."

Kicheko kikakatika. Akaandika haraka, kidole gumba cha kushoto kinakosea herufi.

"Usiniombe samahani. Njoo uone ulichokileta."

Jumamosi Elisha akaja. Alikuwa na siagi kwenye mfuko na video kwenye simu: mama mmoja wa ughaibuni anatengeneza mkate wa vidonge vidogo vidogo vilivyorundikwa pamoja, vimeiva vikashikana, halafu watu wanaumega kwa vidole bila kisu.

— Sielewi anachosema, — Elisha alisema, — lakini nimeiangalia mpaka nimekariri mikono yake. Mashine anaitumia kukandia tu. Akishatoa donge, kuoka anaoka kwingine. Kuna kitufe cha kukanda tu, tutakitafuta.

— Vidonge hivyo vinaviringwa kwa mkono mmoja?

— Yeye anatumia mmoja. Mwingine kashikia bakuli.

Hosiana akaanza kutia vitu kwenye ndoo ya mashine. Maziwa, yai, siagi, unga. Akachimba kishimo juu ya unga kwa kidole, akamimina hamira, kisha akanyunyiza chumvi juu yake.

— Wewe Hosiana. Unaweka chumvi juu ya hamira?

— Vinakwenda kuchanganyika si ndiyo?

— Vitachanganyika vikikandwa, sasa hivi unaiua. Ndiyo maana ukapata tofali. Chumvi inakaa pembeni, mama wa kwenye video kaonyesha wazi. Unafanya haraka kama unafukuzwa.

— Nani kati yetu ni mwoka mikate?

— Wewe. Ndiyo maana nashangaa.

Elisha akajishtukia, uso ukaanza kubadilika, na Hosiana akaona ile samahani inapanda kooni.

— Ukiiomba hiyo samahani nakumwagia maziwa, — alisema.

— Sijaiomba.

— Ilikuwa inakuja.

— Ilikuwa inakuja, — Elisha alikubali.

Hosiana akacheka mpaka akashika meza. Tangu ile siku ya mvua, hii ilikuwa mara ya kwanza Elisha kumgombeza, na Hosiana alikuwa hajui kwamba kitu alichokikosa ni hicho.

Wakatoa ile chumvi kwa kijiko na unga kiasi, wakaiweka pembeni. Wakajaribu vitufe mpaka wakapata kile cha kukanda tu. Mashine ilipomaliza ikalia, na walipofungua mfuniko donge lilikuwa limeumuka, laini kama shavu la mtoto. Elisha akalikata vipande. Hosiana akaweka kipande chini ya kiganja cha kushoto, akakizungusha mezani. Cha kwanza kikawa kama kiazi. Cha pili afadhali. Alipofika katikati ya bakuli alikuwa anatoa vidonge vya mviringo vinavyofanana, na vya Elisha ndivyo vilivyokuwa kama viazi.

— Seremala mzima huwezi kuviringa?

— Mbao haziviringwi.

Kila kidonge wakakichovya kwenye siagi iliyoyeyuka, wakakigalagaza kwenye sukari yenye mdalasini, wakavipanga kwenye sufuria kimoja juu ya kingine. Wakaviacha viumuke tena, kisha wakaoka kwa mkaa, moto kidogo chini na mwingi juu ya mfuniko. Harufu ilipotoka hadi barabarani, shangazi Emiliana aliyekuwa anatoka sokoni akaongeza mwendo.

Walipoupindua kwenye sinia, sukari ilikuwa imegeuka asali, inashuka pembeni. Shangazi akamega wa kwanza, akaungua ulimi, akamega tena.

— Huu usiutoe nje kabla sijashiba, — alisema, akachukua vipande vyake kwenye kisahani na kuingia ndani, akawaacha peke yao barazani.

Hosiana akamega kipande, hakukila.

— Nikuulize kitu, unijibu kweli.

— Uliza.

— Unakuja huku kwa sababu uliniangusha?

Elisha akafuta vidole kwenye suruali.

— Najilaumu, sitakudanganya. Nikiuona mkono wako naisikia ile pikipiki. Lakini kujilaumu ningeweza kujilaumu nikiwa Handeni kwenye mbao zangu, wala nisipande basi. Nakuja kwa sababu nisipokuona siku haziendi. Nilikutaka kabla ya ile kona, na barua ilishafika kwenu.

— Mbona ulikuwa hunibishii tena?

— Nitakubishia vipi na mimi ndiye niliyekuumiza?

— Hapo ndipo ulipokuwa unaniumiza zaidi. Nilikuwa najiona mgonjwa wako tu. Siyo mchumba.

— Nani alikwambia kwamba nakuonea huruma tu? Maana hilo halikuja lenyewe.

Hosiana akamwangalia. Jina la Grace lilikuwa mdomoni. Akafikiria ndugu wawili waliozaliwa tumbo moja, akatia kile kipande mdomoni, akalimeza pamoja nacho.

— Liache hilo.

Hakumpa jibu siku hiyo, na Elisha hakulidai. Lakini alirudi wiki iliyofuata, na nyingine. Walibishania sukari, walibishania mkaa. Wateja wa zamani wakaanza kugonga mlango wakiulizia ule mkate wa kumega, na Hosiana akawa anaamka na hamu ya kazi kama zamani, mashine inakanda huku yeye anachekecha unga.

Siku moja simu ikaita. Mama yake Elisha.

— Shikamoo mama.

— Marahaba mwanangu. Mkono unaendeleaje?

— Haujabadilika, mama. Nimeuzoea.

— Sawa. Sikiliza. Jumapili mchungaji anakuja kuiombea nyumba, tumemaliza kuezeka. Nasikia una mkate unamegwa kwa vidole. Nautaka huo. Na uje uutengenezee hapahapa nyumbani kwangu, nile wa moto. Usiniletee visingizio.

— Nitakuja, mama.

Jikoni Handeni alimkuta Grace. Grace alikuwa amerudi kuishi kwa mama yake baada ya ndoa yake ya Kwamsisi kuvunjika, na kila mtu alijua hapendi kuizungumzia.

— Karibu wifi, — alisema bila kumtazama usoni.

— Asante wifi.

Hosiana akapanga vitu vyake, akawasha mashine aliyokuja nayo. Donge lilikuwa ndiyo kwanza linashikana umeme ukakatika. Pangaboi likasimama. Wakasubiri kidogo, umeme haukurudi.

— Sasa? — Grace aliuliza.

— Sasa utakanda wewe. Nawa mikono.

— Mimi sijui mkate.

— Mimi najua. Wewe una mikono.

Grace akanawa. Hosiana akasimama pembeni yake, anamwelekeza. Kunja kuja kwako. Sukuma kwa kiganja. Geuza. Usiongeze unga, utakuwa mgumu. Grace akawa anasukuma, nywele zinamwangukia usoni, na mara Hosiana akaona tone limeanguka mezani karibu na donge.

— Wifi, mimi… — Grace alianza.

— Mchungaji kafika! — mama aliita kutoka uani. — Nyie mmefikia wapi?

— Tunakanda, mama, — Hosiana alijibu. Akamgeukia Grace. — Endelea. Bado kidogo.

Ibada ikafanyika, watu wakala pilau, mchungaji akamega mkate mara nyingi kuliko alivyokusudia, akaaga. Wakabaki wanne mezani: mama, Elisha, Grace na Hosiana. Mama akalamba sukari kidoleni.

— Hosiana, mwanangu. Mimi ni mtu mzima, siwezi kufa na swali. Mlikuwa mnaelewana na mwanangu. Kwa nini ulimwacha?

Elisha akaweka kikombe chini. Hosiana akatazama sinia.

— Nilikuwa sijajielewa, mama. Maumivu yalikuwa mengi.

— Siyo kweli, — Grace alisema. — Ni mimi.

Wote wakamgeukia.

— Nilimpigia simu. Nikamwambia kaka anamuoa kwa sababu alimwangusha, moyo haupo.

Elisha akasimama, kiti kikaanguka nyuma yake.

— Grace. Uliniona nilivyokuwa. Ulikuwa unaniletea chakula karakana nikawa sili. Ukakaa kimya?

— Nilikaa kimya.

— Kwa nini?

Grace alikuwa analia bila sauti, anajifuta kwa upande wa kitenge.

— Nilipougua kule Kwamsisi, mume wangu hakuniacha. Aliogopa watu watasema. Akanihudumia, akanikubalia kila kitu, hata sauti hakuwa ananipandishia. Nikadhani ni upendo. Nilipopona tu, akaondoka. Sasa nilipokuja hospitali nikakuta kaka anamfanyia wifi vilevile, sawa tu, ndiyo tu, nikajiona mimi pale kitandani. Nikasema bora aachwe mapema, asije akazoea.

Mama akashika kichwa. Elisha alikuwa bado amesimama, taya zinacheza.

— Elisha, kaa, — Hosiana alisema.

— Siwezi kukaa.

— Basi simama. Lakini nisikilize. Wifi alikosea kuniambia mimi asikwambie wewe. Hilo ni kosa, na limeniliza sana. Ila alichokiona, alikiona. Hata mimi nilikuwa nakiona. Ulikuwa umekuwa mtu wa sawa tu.

— Na sasa nimekuwaje?

— Sasa unanigombeza kwa ajili ya chumvi.

Mama akacheka kwanza, kicheko cha kushtukiza, mkono mdomoni. Elisha akainua kiti, akakaa polepole.

— Grace, — alisema, — mimi na wewe tuna mazungumzo. Siyo leo.

— Najua, kaka.

Hosiana akavuta pumzi. Mkono wake wa kulia ulikuwa mapajani. Akautoa, akauweka juu ya meza, na vidole vyake visivyokunjika vizuri.

— Mama, na wifi, nisikilizeni na nyie. Mimi nilimwacha mtu kwa ujumbe wa simu, sikumuuliza chochote. Leo namuuliza mbele yenu. Elisha, bado unanitaka?

— Naruhusiwa kujibu kwa ujumbe wa simu?

— Jibu kwa mdomo.

— Nakutaka, — Elisha alisema. — Ukiwa umenuna, ukiwa unabisha, nakutaka hivyohivyo.

— Haya, — mama alisema akijifuta macho. — Watu wa Vugiri wajulishwe basi, maana walidhani tumewakimbia.

Walifunga ndoa baada ya mavuno, kanisani Vugiri, asubuhi ya ukungu uliokuja kutawanyika jua likatoka wakati kwaya ya shangazi Emiliana inaimba. Grace ndiye aliyemsimamia bibi harusi. Yeye na kaka yake walikuwa wameshakaa chini wakasema yote, na haikuwa rahisi, lakini alikuwepo, amevaa gauni la kijani, anamrekebishia Hosiana shela kila upepo ulipopita.

Wakafika kwenye meza ya kusaini cheti. Mchungaji akaweka kalamu mbele ya Hosiana. Akaishika kwa mkono wa kushoto. Karatasi ikateleza. Akaizuia kwa kiwiko cha kulia, ikateleza tena. Msimamizi wa bwana harusi akanyoosha mkono amsaidie kuishika.

— Mwache, — Elisha alisema taratibu. — Anaiweza.

Hosiana akaigandamiza karatasi kwa mkono wa kulia wote, kuanzia kwenye kifundo, akaandika jina lake herufi kwa herufi, limepinda lakini linasomeka. Alipoinua uso, Elisha alikuwa anamtazama.

— Unaangalia nini?

— Nasubiri kalamu, — Elisha alijibu. — Na mimi nataka kusaini.